Barua za wasomaji: Nataka kuongoza dokumentari za historia kwenye TV, naanzia wapi?

Mwezi huu barua nyingi zimeangukia sehemu moja, kazi ya udairekta wa dokumentari za historia kwenye televisheni. Nimechagua nne, nimezifupisha kidogo. Majibu nimeyaacha marefu maana hii kazi naipenda, na wazee tunaopaswa kuwarekodi hawatusubiri.

SWALI: Shikamoo dada. Mimi ni binti wa Kigoma, namaliza mwaka wa tatu chuo, nasoma historia. Babu yangu alikuwa mvuvi na tangu tukiwa wadogo alikuwa anatusimulia habari za Wacuba waliopita huku kwetu kuvuka ziwa kwenda kupigana Kongo. Nataka kuwa dairekta wa dokumentari za historia. Nyumbani wanasema hiyo sio kazi nikasomee ualimu, marafiki zangu wanasema bila chuo cha filamu hutoboi. Kuna mwanamke wa Kiafrika yeyote aliyefika mbali kwenye hii kazi? Na mi naanzia wapi?

JIBU: Marahaba mdogo wangu, hongera kwa kufika hapo ulipofika. Yupo. Anaitwa Jihan El-Tahri, Mmisri aliyezaliwa Beirut, na ukifuatilia njia aliyopita chuo cha filamu hukioni, alisoma siasa Cairo akawa mwandishi wa habari akiripoti Mashariki ya Kati, miaka ya 90 ndo akahamia kwenye dokumentari za televisheni na huko ndiko alikokaa. Mwaka 2004 akatoa kazi kuhusu ukoo wa kifalme wa Saudi Arabia, 2007 akatoa ya Cuba na vita vya ukombozi Afrika, 2009 akatoa ya chama cha ANC cha Afrika Kusini na mvutano wa Mbeki na Zuma, halafu akarudi nyumbani kwao akafanya sehemu tatu kuhusu Nasser, Sadat na Mubarak. Hebu angalia hiyo miaka. Kazi moja inakula miaka miwili, mitatu, na kila moja inahusu watu wenye madaraka ambao hawana mazoea ya kuulizwa ulizwa. Uandishi wa habari ndo uliomfundisha hilo, yaani kujua nani alikuwa chumbani siku uamuzi unapitishwa, kumfuata mpaka akubali kukaa mbele ya kamera, na ukishampata huyo unamfuata na yule wa upande wa pili aliyekuwa anapigana naye, kisha unaacha maneno yao yakutane kwenye skrini.

Na hiyo ya 2007 inakuhusu wewe wa Kigoma moja kwa moja, maana inaanzia Kongo. Aprili 1965 Che Guevara aliingia Dar es Salaam kwa siri, akasafirishwa mpaka Kigoma, akavuka Ziwa Tanganyika kwa boti kwenda kuwasaidia waasi wa upande wa kina Laurent Kabila. Walipewa majina ya Kiswahili kwa namba, Víctor Dreke akawa Moja, Martínez Tamayo akawa Mbili, Che mwenyewe akawa Tatu. Wacuba zaidi ya mia moja walipita hapo kwenu. Novemba mwaka huohuo wakarudi ziwani wakiwa wameshindwa, na Che akaja kujifungia kwenye ubalozi wa Cuba Dar es Salaam akaandika kumbukumbu za ile vita. Sasa fikiria, El-Tahri amewahoji makamanda na wanasiasa na majasusi, lakini mvuvi wa Kigoma aliyeona zile boti usiku anaijua sehemu ambayo wakubwa hawaijui. Kama babu yako bado yupo hai, usisubiri sherehe ya mahafali. Nenda.

Ukienda, usimuulize "babu unamkumbukaje Che Guevara". Safari ile ilikuwa siri kubwa, watu wa pale waliona wageni tu, jina la Che wengi wamekuja kulisikia baadaye kabisa redioni au kwa watoto wao wasomi, kwa hiyo ukianza na hilo jina babu atakupa alichosikia na atakipamba kwa mapenzi yake kwako. Muulize mambo ya kazi yake. Mwaka ule ulikuwa unavua upande gani? Mtumbwi ulikuwa wa nani? Taa mlikuwa mnatumia zipi, karabai? Mwezi ulikuwepo au giza? Boti zao zilikuwa na mashine, mlio wake ukoje? Mzee akishaingia kwenye mtumbwi wake wa mwaka 1965 utaona mikono inaanza kufanya kazi yenyewe, anavuta nyavu hewani, hapo ndo kamera iwe inarekodi. Baadaye kabisa, ikiwezekana siku nyingine, ndo umuulize alichokuja kusikia, na kwenye daftari lako uandike sehemu mbili tofauti, alichoona na alichosikia. Vyote vina thamani ila dairekta akivichanganya kazi yake yote inakosa uzito, na mtaalamu mmoja tu anatosha kuiangusha.

Mambo madogo ambayo yanauma ukiyasahau: zima friji na feni kabla hujaanza, rekodi sekunde sitini za ukimya wa kile chumba (edita wako atakushukuru sana huko mbele), mikrofoni ikae kifuani kwa mzee isiwe ile ya kamera, na mtu asimkatize. Akinyamaza na wewe nyamaza. Wengi wetu tunaogopa kimya tunarukia swali lingine, na lile alilotaka kulisema linabaki kooni.

Kuhusu nyumbani, wala usigombane nao. Ualimu wa historia sio adui wa hii kazi, Jumatatu unafundisha Jumamosi unarekodi. Degree yako ya historia itakusaidia kuliko unavyodhani, kamera utafundishwa ndani ya miezi michache na mtu yeyote mwenye subira, ila kukaa kwenye jalada la kurasa mia tatu na kugundua kuwa tarehe ya ukurasa wa 12 inapingana na ya ukurasa wa 240, hilo wenzako wa kamera wengi hawaliwezi. Ingia kwenye timu kama mtafiti. Wageni wanaokuja kutengeneza vipindi huku kwetu wanatafuta sana watu wa namna hiyo, fiksa (mwenyeji wa kuwaongoza na kuwapangia mambo) anayejua historia na sio anayejua mahoteli tu, na madairekta wengi wa historia walianzia kwenye utafiti au kwenye kuedit.

SWALI: Habari dada, mimi napiga video za harusi Iringa, vifaa ninavyo, drone ninayo. Nimetengeneza dokumentari yangu ya kwanza kuhusu Mkwawa na Maji Maji, picha nilizitoa mtandaoni na vita nikaigiza na vijana wa mtaani, imetoka kali. Nimewaonesha walimu wawili wakaniponda, eti picha moja ya wafungwa wenye minyororo niliyoandika ni Maji Maji sio ya huku, ni ya Kongo. Mi naona ujumbe si ni uleule? Wajerumani walitufunga minyororo kweli. Na kuigiza kuna ubaya gani?

JIBU: Kaka yangu, ujumbe sio uleule, na hapa ntakuwa mkali kidogo maana una kipaji na una drone na sitaki kije kupotea. Wale watu kwenye picha walikuwa watu. Walikuwa na majina na vijiji vyao. Ukiwachukua wa Kongo ukawaita Wamatumbi au Wangoni umewapora mara ya pili, halafu umempa silaha mtu yeyote anayetaka kusema kwamba na mengine yote uliyoyasema ni uongo. Na ya kwetu yametokea kweli, tena ni mazito, hayahitaji picha ya kuazima.

Hii vita sio ya kwako peke yako. Waingereza mwaka 1916 walitoa filamu ya mapigano ya Somme ya Vita ya Kwanza ya Dunia, mamilioni wakajaa kwenye majumba ya sinema kuitazama, na ile sehemu maarufu kabisa ya askari wanatoka kwenye handaki na mmoja anaanguka anateleza kurudi chini, iliigizwa kwenye eneo la mazoezi nyuma ya mstari wa mbele. Zaidi ya miaka mia imepita na mpaka leo utaiona kwenye vipindi inapitishwa kama vita halisi. Kwa sababu hiyohiyo walipotengeneza ile World at War ya Thames Television, dokumentari ya Vita ya Pili ya Dunia, sehemu 26 zilizorushwa 1973 na 1974 chini ya prodyuza Jeremy Isaacs, mshauri wao mkuu wa historia alikuwa Noble Frankland, mkurugenzi wa Imperial War Museum, na msimamo wake ulikuwa kwamba futeji (vipande vya filamu vilivyopigwa) ya mahali fulani itumike kwa mahali hapohapo, usiweke kifaru cha Afrika ya Kaskazini ukasema ni Urusi kwa vile vinafanana. Nusu karne baadaye watu bado wanaiheshimu ile kazi.

Kwa hiyo unafanyaje? Picha yoyote usiyojua nani aliipiga, lini, wapi, itoe. Ukikuta picha yenyewe ya karatasi, geuza, soma nyuma, mara nyingi pana mhuri wa studio, mwandiko wa penseli, namba ya jalada, na hiyo namba ndo kamba ya kukufikisha kwa mwenyewe. Nenda Nyaraka za Taifa Dar es Salaam, majalada ya Wajerumani yapo pale kwenye mfululizo wa G, mwandiko wao wa mkono unatesa na ni Kijerumani cha zamani lakini wapo watu wanaousoma. Uliza pia kuhusu simulizi za Maji Maji zilizokusanywa mwaka 1968 na wanafunzi wa Chuo Kikuu Dar es Salaam, waliotumwa vijijini kuwahoji wazee. Ilikuwa miaka 63 tangu vita kuanza na waliokuwa watoto na vijana wakati ule walikuwa bado wanaongea. Sisi leo hatuna hata mmoja wa kumuuliza. Sauti za wale wazee zilivyoandikwa, ukimpa mtu mwenye Kiswahili kizuri cha kusini asome polepole juu ya picha za milima ya Matumbi ulizopiga mwenyewe na hiyo drone yako, alfajiri, ukungu bado haujaondoka, hutahitaji kijana wa mtaani ashike mkuki.

Kuigiza sio dhambi, tatizo ni kumficha mtazamaji. Andika kwenye skrini kwamba ni maigizo, tena iandikwe mwanzoni sio kwenye majina ya mwisho ambapo watu wameshabadilisha chaneli. Na usiigize uso. Miguu inayopita kwenye majani, mkono unaomimina maji kwenye kibuyu, kivuli, hapo mtazamaji anajua anaonyeshwa mfano. Ukimpa Kinjikitile, yule mganga wa Maji Maji, uso wa rafiki yako, watoto wa shule watakua wakijua kwamba ndo alivyokuwa.

Mkwawa sasa, yule mtemi wa Wahehe. Wewe uko Iringa, Kalenga unafika hata na bodaboda. Fuvu lililopo pale, linalosemwa kuwa lake, lilikabidhiwa mwaka 1954 na gavana Twining mwenyewe, na lilichaguliwa kutoka kwenye mafuvu yaliyokuwa makumbusho ya Bremen, Ujerumani, kwa kupima vichwa na kulinganisha na vipimo vya ndugu, pia lilikuwa na tundu la risasi. Wanahistoria wengine wana mashaka kama kweli ni lenyewe. Dairekta mwoga atalikwepa hilo asiwaudhi watu, dairekta wa kutafuta makelele atalitangaza kwa herufi kubwa. Wewe waeleze watazamaji jinsi lilivyochaguliwa, hatua kwa hatua, kisha nenda kwa familia waulize fuvu lile lina maana gani kwao, waache waseme. Hapo tu una nusu saa ya televisheni ambayo sijaiona ikifanywa vizuri kwa Kiswahili. Na wale walimu wawili warudie, waombe wawe washauri wako, waandike majina yao kwenye kazi.

SWALI: Assalaam alaykum binti yangu. Mimi ni mzee wa Mombasa Mji wa Kale. Nina ubishi na mjukuu wangu. Ile silsila ya TV ya Profesa Ali Mazrui ya miaka ya themanini, yeye asema Mazrui ndiye aliyekuwa director. Mimi nasema la, yeye alikuwa mtangazaji tu. Nani ana haki?

JIBU: Waalaykum salaam mzee wangu, shikamoo. Mjukuu kakosea, ila na wewe hilo neno "tu" naomba uliondoe. The Africans ilitoka mwaka 1986, sehemu tisa, BBC wakishirikiana na WETA, stesheni ya televisheni ya Washington, na Profesa ndiye aliyeandika hoja zote na kuzisema kwa kinywa chake akitembea bara zima. Madairekta walikuwa wengine, wale ndio walioamua kamera ikae wapi, mahojiano gani yaingie, sura ipi ifuate ipi na mtazamaji apumzishwe wapi. Kwenye kazi ya namna hiyo mwandishi ana mawazo na dairekta ana macho, na wakigombana kipindi kinaharibika, kwa hiyo sifa za ile kazi ni za wote.

Lakini lawama alibeba Profesa peke yake. Marekani, mfuko wa serikali wa elimu ya utu (humanities, yaani historia, lugha, falsafa na kadhalika) uliokuwa umechangia pesa ulikuwa chini ya Lynne Cheney, alipoiona akasema ni mashambulizi dhidi ya nchi za Magharibi na akataka jina la mfuko litolewe kwenye orodha ya wafadhili. PBS, televisheni ya umma ya Marekani, wakairusha hivyohivyo. Naomba umsimulie mjukuu hilo, maana ndo sehemu ya hii kazi isiyofundishwa darasani, kwamba anayetoa pesa atataka na kauli, na unatakiwa ujue mapema mstari wako uko wapi. Yule mtoto wa Mombasa aliujua wake.

SWALI: Niaje. Niko Nakuru, nina skripti kuhusu miaka ya uhuru, 1960 hadi 1965, Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar. Futeji nimepata tele YouTube. Swali ni mbili, naweza itumia? Na doh inatoka wapi, maana stesheni zinaniambia nilete ikiwa imekamilika.

JIBU: Poa kaka. La kwanza, hapana, kuwa YouTube sio kuwa huru. British Pathé, wenye hifadhi ya filamu za habari za zamani, mwaka 2014 waliweka filamu kama 85,000 kwenye chaneli yao watu wote watazame, na bado ni mali yao, ukitaka kuweka kwenye kipindi unalipia, na Reuters na AP nao hivyohivyo. Bei inakwenda kwa muda unaotumia na mahali utakaporusha, Kenya pekee ni bei moja, dunia nzima ni nyingine, miaka mitano ni tofauti na milele. Ukirusha bila leseni kipindi kinashushwa na stesheni hawakupokei simu tena. Ila filamu nyingi zilizotengenezwa na serikali ya Marekani yenyewe hazina haki miliki, ziko kwenye nyaraka zao za taifa, na zipo zinazohusu Afrika ya miaka hiyo, kachimbe huko kwanza.

Jua pia picha zako zitakuwa hazilingani nchi kwa nchi. Kenya ilikuwa na televisheni tangu 1962 na Uganda 1963, Zanzibar wakapata yao miaka ya mwanzo ya 70, lakini Tanzania Bara watu hawakuwa na stesheni mpaka 1994 zilipofunguliwa za binafsi. Kwa hiyo Nyerere wa miaka hiyo utampata kwenye mikanda ya filamu na kwenye kamera za mashirika ya nje, ila sauti zake za redio ni nyingi mno. Mi ningeijenga sehemu ya Tanganyika juu ya sauti. Na usisahau wapigapicha wa hapahapa, Mohamed Amin aliyezaliwa Nairobi na kuanza kazi Dar es Salaam alipiga miaka hiyohiyo unayoitafuta, aliwahi hata kufungwa Zanzibar kwa sababu ya kamera yake, na kampuni yake ya Camerapix ilikuwa Nairobi. Anzia nyumbani. Ukikuta kopo la filamu kwa mtu na ukifungua linanuka siki, funga haraka na utafute wataalamu wa kuihamishia kwenye dijitali kabla ya kitu kingine chochote, hiyo harufu ni filamu inakufa na haiponi.

Pesa. Ken Burns wa Marekani, ambaye leo kila mtu anamjua, alikuwa na miaka ishirini na kitu alipoanza kuomba pesa za dokumentari yake ya daraja la Brooklyn, wakamkatalia mara nyingi mno, na zile barua za kukataliwa amezihifadhi. Kodi ya New York ilipomshinda mwaka 1979 akahamia Walpole, kijiji cha New Hampshire, ili maisha yawe rahisi amalizie kazi, na bado yuko hukohuko. Ile daraja ikafika mpaka kupendekezwa Oscar. Kisha akatumia zaidi ya miaka mitano kwa ile ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, vita yenyewe ilipiganwa miaka minne, na karibu yote ni picha mnato na barua zinasomwa, kamera inatembea polepole kwenye picha kutoka mkononi kwenda usoni. Ilirushwa Septemba 1990 usiku tano mfululizo, watu karibu milioni 40 wakaitazama. Simwelezi ili uige bajeti yake, maana alikuwa na mifuko ya wafadhili ambayo sisi hatuna. Naeleza kwa sababu picha mnato ni rahisi na barua ni rahisi zaidi.

Kwa hiyo usipeleke skripti ya nchi nne na miaka mitano. Chukua siku moja, kwa mfano usiku wa bendera kupandishwa Nairobi Disemba 1963, tafuta watu watano sita waliokuwepo pale uwanjani, mpiga tarumbeta, polisi, mama aliyetembea kutoka kijijini, tengeneza dakika kumi tu kwa pesa uliyonayo, mahojiano mazuri, picha kumi zenye karatasi za ruhusa, na sekunde thelathini za futeji uliyolipia kihalali. Hizo dakika kumi ndo unaingia nazo ofisini kwa stesheni, kwa balozi na taasisi za utamaduni, kwenye matamasha ambayo madairekta wanasimama kuelezea kazi zao mbele ya wanunuzi. Weka na bajeti ya ukurasa mmoja, na kwenye hiyo bajeti mstari wa haki za picha uwe juu pamoja na mshahara wa mtafiti, watu wengi wanauweka mwisho na pesa zinaisha kabla ya kuufikia. Leo usiku waandikie hao wenye futeji uwaulize bei ya sekunde thelathini kwa kurusha Afrika Mashariki, wataje na namba ya klipu ili wasikuzungushe.